Utalii wa skuta Delft: nimelipia skuta mbili, nimezungushwa mshikaki na mjomba wangu wa miaka 68

Wakuu habari za humu. Mods naomba msiupeleke huu uzi jukwaa la utani, najua mkisoma kichwa cha habari mtacheka na mimi mwenyewe ningecheka kama yangemkuta mtu mwingine, ila hapa naongelea euro 118 za jasho langu na nina hasira mpaka sasa.

Kwa wasionijua, nipo Uholanzi mwaka wa tatu, naishi Schiedam, kazi yangu ghala. Agosti 2024 mjomba wangu alinitembelea wiki tatu kutoka Tanga. Mjomba ni injinia wa maji mstaafu, na huyu mzee alisoma Delft mwaka 1987, serikali ilimpeleka pale IHE, kile chuo cha maji ambacho kimesomesha mainjinia kibao wa Tanzania na Kenya. Kwahiyo alikuwa na ombi moja tu, aione tena Delft. Si Amsterdam, si yale maua, Delft. Anipeleke kwenye mfereji wa Oude Delft anionyeshe alipokuwa anafunga baiskeli yake (mtu wa Tanga na baiskeli tena, mnajua), anionyeshe na matundu ya risasi kule Prinsenhof, lile jumba la makumbusho. Shida goti. Akitembea dakika kumi lazima akae.

Ndio nikaingia mtandaoni nikakuta jamaa wanatembeza watu na skuta. Tangazo zuri hatari: gundua mji wa kihistoria kwa masaa mawili na nusu, muongozaji anaujua mji nje ndani, kifaa cha sikioni kila mtu na chake, kahawa na kitafunwa cha kienyeji, inawafaa hata wasioweza kutembea sana. Hicho kipengele cha mwisho ndio kilichonimaliza. Euro 59 kwa kichwa. Fomu ikaniuliza una leseni ya gari au pikipiki, nikatiki ninayo, mjomba anayo, hela ikakatwa hapohapo.

Tumefika siku ya siku, dada wa kaunta akachukua leseni yangu ya bongo, akachukua na kitambulisho changu cha ukaazi, akaviangalia kama mtu anayelinganisha risiti. Akaniuliza umejisajili manispaa lini. Nikamjibu mwaka wa tatu huu. Akanirudishia. Kumbe ukishajisajili kama mkazi leseni ya kwetu inatumika siku 185 tu, baada ya hapo ukafanye mtihani wa kwao. Mimi na sheria sina ugomvi, kosa la kutokujua nalibeba. Ila hebu niambieni, kwanini hicho kitu hakipo kwenye fomu, kwanini haniulizi kabla ya kula hela anakuja kuniuliza nimeshashika helmeti mkononi?

Sasa patamu. Mjomba ni mgeni, yuko na viza ya kutembea, leseni yake INAKUBALIKA. Yaani mimi ninayelipa kodi humu ndani siruhusiwi, mzee wa goti bovu ambaye mara ya mwisho kuendesha pikipiki alikuwa bado ana nywele nyeusi, huyo ndio kapewa funguo. Nikasema basi skuta ya pili rudisheni hela, dada akaniambia kwa upole kabisa kwamba nilicholipia mimi ni nafasi ya kushiriki, na nafasi yangu ipo, nitakaa nyuma.

Nikakaa nyuma. Euro 118, skuta moja, mjomba mbele mpwa nyuma. Mzee anawasha anageuka ananiambia "mjomba shika vizuri, hapa si kwetu". Kuna Waholanzi sita kwenye kundi kila mmoja na skuta yake wanatuangalia.

Helmeti nayo. Jamani helmeti ya boda wa Ubungo nimeikimbia miaka yote nikija nimeikuta Delft inanisubiri, ile harufu ya jasho la mtu usiyemjua pamoja na mafuta ya nywele, na kamba ya kidevuni imekatika wameifunga fundo. Huwezi kuivua maana tangu 2023 hata hizi skuta ndogo za namba ya bluu helmeti ni lazima.

Na hizo za namba ya bluu mwisho wake kilomita 25 kwa saa, ni sheria sio ubovu, sawa. Lakini weka watu wazima wawili halafu panda kile kidaraja cha mgongo juu ya mfereji. Tulipitwa na bibi. Bibi wa kweli kabisa, baiskeli ya umeme, vitunguu majani vinachungulia kwenye begi la nyuma, kapiga kengele tumpishe. Mjomba akampisha na kumpungia mkono. Mimi nilitaka ardhi ipasuke.

Tuje kwenye utalii wenyewe sasa. Katikati ya Delft, pale Markt na vichochoro vyake, ni eneo la waenda kwa miguu, chombo cha moto hakiingii hivihivi. Halafu ilikuwa Alhamisi, na Alhamisi ni siku ya soko, uwanja mzima wa Markt umejaa mabanda ya jibini na samaki na soksi tatu kwa euro tano. Hawa watu ofisi yao ipo mji huohuo! Wanauza utalii wa mji wa kihistoria siku ambayo wanajua uwanja mkuu haupitiki! Basi ikawa kuzunguka kwa nje nje kama daladala inayotafuta abiria, mara tuko barabara ya maghorofa mapya, mara tuko nyuma ya stesheni, mji wa kihistoria unauona kwa mbali, mnara huo unachungulia juu ya mapaa.

Muongozaji kijana tu, mpole, sina chuki naye, nadhani ni mwanafunzi kapewa makaratasi akariri. Ila kile kifaa cha sikioni changu kilikuwa kimekufa chaji, nasikia krrr krrr tu, cha mjomba kinafanya kazi, kwahiyo mjomba anaendesha huku ananitafsiria kwa kupiga kelele. Na hapo ndipo mambo yalipoharibika, maana mjomba anaujua huu mji.

Tumesimama mahali kunaonekana Oude Kerk, lile kanisa la zamani ambalo mnara wake umepinda, mita 75 kwenda juu na umeinama karibu mita mbili. Kijana anasema humu ndimo wanazikwa wafalme wa Uholanzi. Mjomba kimya kidogo, halafu kainua mkono kama yuko darasani. Akamwambia, "kijana wangu", wafalme wanazikwa Nieuwe Kerk, lile jingine pale Markt, hapa amelala Vermeer mchoraji na Leeuwenhoek yule wa hadubini. Kijana kaangalia karatasi lake, kasema ah ndio, sorry. Mmoja wa wale Waholanzi kacheka.

Mbele kidogo akatuambia Vermeer alikufa ule mlipuko wa ghala la baruti. Mjomba akanigeukia, "mjomba, huyu kijana anatupiga kamba". Mlipuko ulikuwa Oktoba 1654, ulifyeka sehemu kubwa ya mji na mchoraji aliyekufa ni Carel Fabritius. Vermeer kaishi mpaka 1675, kafa na madeni na watoto kumi na moja. Sasa mimi nimelipa 118 kumsikiliza mjomba, si ningemsikiliza nyumbani Schiedam nakunywa chai?

Na mjomba ndiye aliyenieleza kwanini ule mnara umepinda. Walipoujenga nafasi ilikuwa finyu, wakafukia kipande cha mfereji wakausimamisha juu yake, udongo wa kufukia ukadidimia wakati ujenzi haujaisha, wao wakaendelea wakijaribu kuunyoosha huko juu. Ukiutazama vizuri unaona pale walipoanza kunyoosha. Kuna kengele kubwa mle ndani ya tani tisa hivi, haipigwi ovyo, inasubiri mazishi ya kifalme, wanaogopa mtikisiko. Haya yote kayasema huku kashika breki mbili na skuta inangurumia chini yetu, kijana wa watu kasimama pembeni anasikiliza kama sisi.

Kilichoniuma zaidi ni Oude Delft. Ule mfereji ndio hasa alioujia. Kuna jengo pale la mwanzoni mwa miaka ya 1500, ukuta wa mbele una ngao za rangi zimepangwa juu ya mlango, ni nyumba ya Delfland, mamlaka ya maji ambayo inahesabu miaka yake kuanzia 1289. Hebu fikiria injinia wa maji kutoka Tanga anaipita nyumba ya watu ambao wamepambana na maji zaidi ya miaka 700, wana uchaguzi wao, wana kodi yao (mimi hapa Schiedam kodi yangu inaenda kwao, bili naijua). Mzee kapunguza mwendo. Kanionyesha kwa kidole, "ule ule pale..." na hajamaliza, kijana mbele kapiga honi, tusiachane na kundi, tuna ratiba. Prinsenhof ndio kabisa, kanyoosha mkono tu bila kusimama, pale aliuawa Willem van Oranje, haya twendeni. Yaani mkuu wa nchi kapigwa bastola kwenye ngazi za nyumba yake Julai 1584, inasemwa muuaji Balthasar Gerards aliomba hela ya viatu na mkuu mwenyewe ndiye akaagiza apewe, akaenda kununulia bastola, matundu yapo ukutani zaidi ya miaka 400 sasa, na sisi tumeyapita kama tunawahi feri ya Kigamboni.

Ratiba yenyewe ilikuwa inawahi wapi? DUKANI. Dakika 40 nimezihesabu, duka la vyombo vya bluu, bila shaka wana mgao wao. Kibakuli cha kuwekea karanga euro 85. Dada wa duka anatusimulia kwa fahari kwamba meli za VOC, ile kampuni ya zamani ya biashara ya Waholanzi, zilileta kaure ya China, wafinyanzi wa Delft wakaiga kwa udongo wao wa kawaida na rangi nyeupe ya bati. Mjomba akamwambia kwetu Kunduchi bakuli za Kichina zimepachikwa kwenye nguzo za makaburi, na hatukuiga, tulinunua. Dada hakuelewa, akamuuliza kama atalipa kwa kadi.

Kitafunwa cha kienyeji ni stroopwafel (biskuti yao yenye sharubati katikati) moja moja, ile ya pakiti ya supamaketi, pakiti niliiona kwenye begi la kijana. Kahawa ilikuwa ya mashine.

Tumerudisha skuta saa kumi na nusu imeshapita. Nikamwambia mjomba twende Prinsenhof kwa miguu taratibu, tumepumzika mara tatu njiani, tumefika wanafunga saa kumi na moja na dada wa mlangoni kasema hapokei tena mtu. Mzee kakaa kwenye ukingo wa mfereji anakanda goti. Jumapili yake alikuwa na ndege.

Wiki ya tatu sasa nawaandikia. Jibu la kwanza wamenishukuru kwa maoni. Jibu la pili wamenipa punguzo la asilimia 10 nikienda tena. Nikienda tena! Nililipa kwa iDEAL, ile inayokata hela moja kwa moja benki, na benki wameniambia hiyo ikishaenda imeenda, si kama kredit kadi. Mtu kanielekeza ConsuWijzer, tovuti ya kusaidia wateja, kuna mifano ya barua za madai, ila ni Kiholanzi na Kiholanzi changu ni cha ghala, naweza kukuambia godoro lipo rafu ya nne, kudai hela sijafika. Mwenye kukijua vizuri aje PM anisaidie kuiandika, soda juu yangu.

APDETI: Mnaouliza jina la kampuni silitaji, bado nawadai. Mnaouliza picha, picha ipo kwa mjomba, alimwomba bibi mmoja atupige, na tangu afike Tanga ameiweka wasapu haijatoka, yeye mbele kakenua, mimi nyuma nimemshika kiuno, maandishi chini: "Nikimtembeza mpwa wangu Ulaya".