Fyuzi ya waipa ya nyuma imeungua mara tano: niweke kubwa zaidi?

Njia Ndefu

Habari zenu wakuu. Naombeni msaada, maana hii ni fyuzi mpya ya nne kuungua ndani ya mwezi mmoja.

Gari ni SUV ya mwaka 2018, petroli, ya kuwasha kwa kitufe. Siku moja ya mvua waipa ya nyuma iligoma. Kitabu cha gari kikanielekeza kwenye boksi la fyuzi chini ya dashibodi upande wa dereva. Nikalala chali na tochi, nikaitafuta kwa namba, nikaichomoa. Ni ya bluu, imeandikwa 15 (ampea, yaani kiwango cha umeme inachoruhusu kupita), ule uzi wa ndani umekatika na plastiki imepakaa weusi kama masizi. Nikaweka mpya, waipa ikafanya kazi vizuri kabisa. Baada ya siku tatu ikaungua. Nikaweka nyingine, ikakaa wiki. Ya tatu sikuwa na 15, nikaweka 20 ya njano, nayo ikaenda. Ya nne ni 15 tena, jana jioni imekatika.

Jamaa yangu aliyeendesha magari miaka mingi ananiambia niweke 30 ya kijani nisahau habari hii. Mkono umesita, ndiyo maana nipo hapa.

Kuna mambo mawili ninayoyaona. Kwanza, haijawahi kuungua nikiwa natumia waipa. Mara mbili nimegundua imeungua baada ya kupakia au kushusha mizigo. Pili, sijui kama inahusiana, kamera ya kurudi nyuma inasumbua: picha inajaa mistari, inapotea, halafu inarudi yenyewe. Fyuzi ya kamera nimeikagua ni nzima, na wala haiko boksi moja na ya waipa.

Je, tatizo ni mota? Na je, 30 ina ubaya gani hasa, ikiwa waya ni ule ule?

Tairi la Akiba

Pole mkuu. Mimi naona mota ya waipa imekamata. Mota ikishikwa na kutu inavuta umeme mwingi, fyuzi inakufa. Inua mkono wa waipa, ujaribu kuuzungusha taratibu. Ukiwa mgumu sana, jibu ndilo hilo.

Fundi Waya

Njia Ndefu, umesita mahali pa kusita. Usiweke 30. Na hiyo 20 usiirudie.

Umeuliza ubaya wake ikiwa waya ni ule ule. Ubaya ni huohuo, kwamba waya ni ule ule. Fyuzi haikuwekwa kulinda waipa, imewekwa kulinda waya. Waliotengeneza gari walichagua waya wa unene fulani, kisha wakaweka fyuzi ambayo itakatika kabla waya huo haujapata moto wa kuyeyusha ganda lake. Joto ndani ya waya haliongezeki sawasawa na umeme. Umeme ukiongezeka mara mbili, joto linakuwa mara nne. Kwa hiyo ukitoka 15 kwenda 30 unauruhusu waya ule mwembamba ubebe joto mara nne ya lile aliloliruhusu mtengenezaji, na umepita chini ya zulia, nyuma ya viti, juu ya dari ambako huwezi kuuona. Sehemu dhaifu kuliko zote itahama kutoka kwenye fyuzi unayoweza kuichomoa kwa vidole, itakuwa ni waya wenyewe. Nimefungua magari ambayo fungu zima la waya limegandana kuwa kipande kimoja cheusi. Fyuzi ilikuwa nzima.

Sasa hilo la mota. Ndugu Tairi la Akiba hajakosea kwamba mota iliyokamata huunguza fyuzi, lakini huunguza ikiwa inafanya kazi. Hii inaungua waipa ikiwa imelala. Halafu angalia namna ilivyokufa. Fyuzi iliyozidiwa kidogo kidogo hukatika taratibu: uzi unayeyuka katikati, plastiki inabaki safi. Yako ina masizi. Masizi ni dalili kwamba umeme ulipita kwa kishindo, uzi ukalipuka mara moja. Hiyo ni shoti, waya wa umeme umegusa bodi ya chuma ya gari. (Ungeniambia plastiki imeyeyuka kwenye miguu huku uzi ukiwa mzima, ningekwambia ukague kishikio cha fyuzi kilicholegea. Sicho hiki.) Fyuzi nzuri ya aina hii inaweza kubeba asilimia 110 ya kiwango chake kwa saa 100 bila kukatika, lakini ukiipa mara mbili ya kiwango haizidi sekunde 5. Si kitu kinachokufa ovyo.

Umenisaidia sana kuitaja kamera. Waipa na kamera havitumii fyuzi moja, lakini vinatumia njia moja. Waya zote za mlango wa nyuma, za waipa, kamera, kufuli, taa za namba, kioo cha kuyeyusha ukungu, zinatoka kwenye dari na kuingia mlangoni kupitia mpira mweusi wenye mikunjo kama ya akodiani, pale juu karibu na bawaba. Kila ukifungua mlango waya zinakunjuka, ukifunga zinakunjwa. Miaka inapita, maelfu ya mara, ganda linapasuka, kisha nyuzi za shaba zinaanza kukatika moja moja. Na umesema mwenyewe inaungua ukipakia mizigo. Ukipakia mizigo unafungua mlango.

Fanya hivi. Zima gari, fungua mlango wa nyuma. Upande mmoja wa mpira ule umeshikwa kwenye bodi, mwingine kwenye mlango. Ubonyeze pembeni kwa vidole uuchomoe upande wa bodi, usiuvute kwa koleo maana ukichanika maji yataingia. Uvute nyuma kama soksi. Kagua waya moja baada ya nyingine, ukikunja kila moja pale inapokunjika. Waya mzima unakunjika na kurudi. Uliokatika ndani unalegea mahali pamoja kama uzi mtupu, ingawa ganda kwa nje linaonekana zima.

Ukikosa kuona kitu kwa macho, acha kuunguza fyuzi kwa kubahatisha. Chukua taa ya breki ya wati 21 na kishikio chake, unga waya mbili, uziingize kwenye matundu mawili ya fyuzi iliyotolewa. Chomoa plagi ya mota ya waipa kwanza. Washa umeme wa gari bila kuwasha injini. Taa ile itaruhusu ampea 2 hivi tu, kwa hiyo hata shoti ikiwepo hakuna kitakachoungua, ila taa itawaka kwa nguvu zote. Sasa fungua na ufunge mlango taratibu, tikisa ule mpira. Pale taa inapowaka au kuzimika ghafla, mkono wako uko juu ya tatizo. Njia hii ni kwa saketi kama ya waipa. Usiifanye kwenye fyuzi ya mifuko ya hewa wala ya kompyuta yoyote ya gari.

Mita Mkononi

Fundi Waya amemaliza upande wa shoti. Niongezee kwa watakaokuja kusoma, kwa sababu wengi wanakwama kabla hata ya kuiona fyuzi yenyewe.

SUV za siku hizi hazina boksi moja. Tegemea moja chini ya boneti karibu na betri, jingine chini au ubavuni mwa dashibodi (mara nyingine nyuma ya droo ya abiria, mpaka uishushe), na baadhi zina la tatu nyuma ya paneli ya buti. Juu ya nguzo chanya ya betri yenyewe huwa kuna fyuzi kubwa zilizofungwa kwa nati. Hizo usiziguse kabla hujatoa nguzo hasi ya betri. Mchoro ulio kwenye mfuniko au kitabuni umechorwa kwa matoleo yote ya gari hilo, kwa hiyo usishangae ukikuta namba iliyoandikwa na tundu lake tupu. Gari lako halina kifaa hicho, basi.

Kupima si lazima uchomoe. Juu ya kila fyuzi kuna vidoa viwili vya chuma vilivyo wazi, vidogo kama kichwa cha pini. Weka mita kwenye volti za betri, waya mweusi kwenye chuma kisicho na rangi, mwekundu gusa kidoa kimoja kisha cha pili. Ukipata volti 12 na ushee pande zote mbili, ni nzima. Upande mmoja tu, imekatika. Kote hakuna kitu, usiitupe: huenda saketi hiyo inapata umeme gari likiwa limewashwa tu, au rilei (swichi inayoendeshwa na umeme) iliyo kabla yake haijafunga. Hapa ndipo watu wengi hubadilisha fyuzi nzima kwa nzima. Kutazama kwa macho tu hakutoshi pia, ufa mwembamba wa uzi hauonekani kwenye plastiki yenye rangi.

Kuhusu saizi. Rangi inakuambia ampea (7.5 kahawia, 10 nyekundu, 15 bluu, 20 njano, 25 haina rangi, 30 kijani kwa hizi za miguu bapa), haikuambii umbo. Kuna ndogo, kuna ndogo zaidi, na kuna fupi. Iweke mpya ubavuni mwa ya zamani, linganisha upana na urefu wa miguu. Ukikuta yenye miguu mitatu, hiyo inabeba saketi mbili, mguu wa kati ni wa wote. Upande mmoja unaweza kufa, mwingine ukabaki mzima, na ukipima miguu miwili tu utajidanganya. Kichomoleo cha plastiki mara nyingi kimebanwa ndani ya mfuniko wa boksi. Kitumie, koleo la chuma linaweza kugusa fyuzi mbili.

Na vitu vingine siku hizi havina fyuzi kabisa. Kompyuta ya bodi inavikata yenyewe ikiona shoti, na inavirudisha shoti ikiondoka. Ukitafuta fyuzi ya taa fulani huioni, si kwamba umeshindwa kusoma kitabu. Hapo panahitaji mashine ya kusoma hitilafu.

Ukiona plagi za njano, ni za mifuko ya hewa, ziache. Kama gari ni haibridi, waya nene za rangi ya chungwa usizisogelee hata kidogo.

Njia Ndefu

Wakuu, nimerudi. Fundi Waya, nashukuru sana, ilikuwa mle mle.

Niliutoa ule mpira jioni. Ulikuwa mkavu, upande wa ndani wa mkunjo umepata nyufa. Waya kama kumi hivi ndani. Nikaanza kukunja mmoja mmoja kama ulivyosema. Waya wa kwanza kulegea ulikuwa mwembamba, wa kijivu. Ganda zima kwa nje, lakini pale katikati unakunjika kama uzi wa kushonea. Huo nimekuja kujua ni wa kamera. Halafu nikauona wa pili, mnene kidogo: ganda limepasuka kwa urefu wa ukucha, shaba iko nje na ncha yake ina kidoa cheusi. Nikaangalia ukingo wa chuma wa tundu ambamo waya zinapita. Kuna vidoa vitatu vidogo vya kuungua, rangi imetoka. Nikafungua mlango taratibu huku nikiutazama, na mlango ulipofika karibu na mwisho wa kupanda, ile shaba ikaenda kukaa palepale penye vidoa.

Nilijaribu na taa ya breki pia, nilitaka niwe na hakika. Mlango ukiwa chini, giza. Ukifika juu, inawaka kali. Nimefanya mara sita, mara sita imewaka mahali pamoja.

Swali la mwisho: nikiziunganisha, nizilehemu au nitumie vibanio?

Fundi Waya

Hongera dada au kaka, umefanya kazi safi.

Usiunganishe pale pale kwenye mkunjo. Risasi ya kulehemu ikipoa inaufanya waya uwe mgumu, na waya mgumu kwenye mkunjo utakatika pembeni mwa kiungo baada ya muda mfupi. Kata zote mbili mbali na mpira, upande wa dari na upande wa mlango, uweke katikati kipande kipya cha waya laini wenye nyuzi nyingi nyembamba na ganda la silikoni, unene usipungue wa mwanzo. Viungo vikae ndani ya bodi na ndani ya mlango, mahali pasipokunjika. Hapo kibanio kizuri chenye bomba la kusinyaa kwa joto kinatosha, na kulehemu pia si vibaya. Viungo visilingane mahali pamoja, kimoja kipite kingine ili fungu lisivimbe. Waya wa kamera ukiwa na wavu wa shaba kuuzunguka, wavu nao uunganishe, usiuache ukining'inia.

Na zile waya nyingine nane usiziamini. Zimekunjwa mara zile zile. Ukiwa umeshafungua paneli, zibadilishe zote.

Njia Ndefu

Ni dada. Nimebadilisha zote kumi, imenichukua asubuhi nzima, na mpira mpya nimeuweka. Fyuzi ni 15 ya bluu. Leo ni siku ya kumi na mbili, mlango nimeufungua kila siku, kamera haijakata hata mara moja. Ile 20 nimeitoa kwenye droo ya gari nisije nikaiokota usiku kwa haraka.