Wanamuziki Weusi na kudhulumiwa jasho letu: tupeane uzoefu

Wakuu, Solomon Linda alikuwa Mzulu, mpakiaji kwenye kiwanda cha santuri cha Gallo, Johannesburg. Mwaka 1939 akarekodi wimbo wake "Mbube" na kundi lake, haki akaziachia kwa shilingi 10. Wazungu wa Marekani wakaubatiza jina jingine, 1961 ukashika namba moja kwao, 1994 ukasikika kwenye filamu ya Disney. Yeye alifariki 1962 akiwa maskini, kaburi likakaa miaka mingi bila jiwe. Mabinti zake walifikia mapatano ya fidia 2006, wakiegemea sheria ya Uingereza ya 1911 iliyorudisha haki kwa warithi miaka 25 baada ya mtunzi kufa.

Mbinu ile haijafa. Nani imemkuta?

mpiga_besi, Mombasa
Nilikuwa bendi ya hoteli, Diani. Akaja Mzungu na mitambo yake ya kurekodi, tukapiga hadi alfajiri. Alitulipa pesa ya kibarua na kutusainisha karatasi ya Kijerumani ambayo hakuna aliyeielewa. Baadaye mgeni mwingine akanijia na CD, anataka saini yangu. Jaladani kuna minazi na jina la yule Mzungu: mtayarishaji na mtunzi. Sisi tumeandikwa "wanamuziki wa kienyeji". Wimbo wa pili niliutunga mimi, msiba wa dada yangu. Nilisaini ile CD mikono inatetemeka.

bintipwani
Pole sana kaka. Kumbe hata msiba wako umeuzwa.

mama_zai, Hamburg
Huku niliitwa studio niimbe kiitikio, wakasema wanataka "kitu cha Kiafrika". Maneno ya Kiswahili nikayatunga palepale. Mwenzangu Mjerumani, tuliyesimama maiki moja, alikuwa na mkataba wa asilimia. Mimi naandikiwa malipo ya saa. Kuuliza, naambiwa maneno yangu ni ya asili, hayana mtunzi. Niliyatunga mbele yao! Siku hizi sifungui mdomo kabla haijaandikwa nani katunga maneno, nani sauti, na kila mmoja asilimia ngapi. Nimejiunga na GEMA pia, chama cha watunzi cha huku.

mpiga_besi, Mombasa
Dada, wimbo wangu ninao kwenye kaseti, tuliurekodi kanisani kabla yule bwana hajaja. Tarehe imeandikwa kwa kalamu. Utanisaidia?

mama_zai, Hamburg
Ni ushahidi huo, kaka. Toa nakala leo, na waliokuwepo siku hiyo waandike majina yao na wasaini wakiwa bado hai. Kisha mtafute wakili wa hakimiliki, umpe nakala tu.