Tupeane uzoefu: sherehe yako iliwahi kugongana na adhana?

BintiSegerea:
Wakuu salaam. Nimetoka kwenye kikao cha harusi ya mdogo wangu, tumebishana saa nzima kuhusu saa ya kuandika kwenye kadi. Sisi Wakristo, upande wa bwana harusi Waislamu. Mwenyekiti anataka saa 12 jioni "ili watu wafike saa 2". Nikasema muda huo Magharibi inaingia, nikaambiwa nisilete udini kwenye kamati. Mliopitia haya mlifanyaje?

MzeeWaGerezani:
Ngoja waje. Natandika mkeka.

MpishiMbagala:
Mimi hapa Dar huwaambia wateja hivi: Magharibi mwezi wa tano au wa sita ni kama saa 12 na robo, mwezi wa pili inasogea hadi saa 12:45. Usiweke jambo lolote la maana hapo katikati. Chakula nafungua baada ya Isha. Biriani likifunikwa vizuri linasubiri, chipsi hazisubiri.

Shemeji_Mkubwa:
Umenitonesha kidonda. Sendofu ya dada yangu, Dar, 2017. Kadi zimeandikwa saa 12. Wakwe wametoka Tanga na Coaster mbili, saa 11 na nusu wameshakaa mezani na adabu zao, wenyeji bado tuko saluni. Tumeingia wa kwanza wetu inakaribia saa 12 na nusu. MC akaona aibu ya ukumbi mtupu, akawasha moto: "Familia ya bwana harusi, simameni tuwaone!" Wakasimama. Palepale msikiti wa nyuma ya ukumbi ukaadhini. Mzee mmoja akatazama saa yake, akamgusa mwenzake begani, wakaanza kutoka. Wote, wanawake kwa wanaume, kimya kimya mpaka getini.

MC naye badala ya kunyamaza akasema kwenye maiki, "Jamani wakwe, kama tumewakosea si tuambizane?" Basi. Mama alikuwa chumba cha ndani anafungwa kilemba, kilichomfikia ni "wakwe wameondoka". Akajua posa imevunjika. Alilia hadi wanja ukafika kidevuni. Mjomba aliyepokea mahari akakaa chini, unamwona kabisa anapiga hesabu kilichobaki cha kurudisha. Dada yuko nje ndani ya gari na mpambe wake, vioo vimepandishwa, anawaona wakwe wanampita mmoja mmoja. Shangazi wa mume akampungia mkono, dada akaona ndiyo buriani.

Dakika ishirini hivi, hao wanarudi wanatabasamu. Ila baba mkwe kavaa suti ya kijivu na kandambili za bluu za msikitini, zile za chooni. Viatu vyake vimeibiwa. Picha zote za utambulisho yumo na kandambili.

Pili_wa_Pili:
Nimecheka hadi mtoto kaamka 😂 Mjomba anapiga hesabu!

Chuma_cha_Pua:
Viatu vilikuwa aina gani?

Ustadhi_Mtaani:
Wametoka Tanga, hao ni wasafiri. Wana ruhusa ya kuchelewesha Magharibi waiunganishe na Isha. Taharuki yote hiyo ilikuwa ya nini.

NyukiMkali:
Ruhusa si amri. Msikiti uko nyuma ya ukumbi, adhana unaisikia, ukae kusubiri keki?

Ustadhi_Mtaani:
Nimesema ruhusa. Soma uelewe.

NyukiMkali:
Nimesoma. Na shughuli yako keki ilikatwa Isha ikiadhiniwa, nilikuwepo meza ya 14.

Chuma_cha_Pua:
Ila tuseme ukweli, kwa nini watu mia tatu wasimame kwa ajili ya kumi? Anayetaka kuswali atoke taratibu.

BintiSegerea:
Nani kasema wasimame? Muziki ushushwe, watu wanywe soda. Mpiga picha akikwama foleni ya Ubungo mbona tunamsubiri saa mbili na hamsemi?

UkhtyTabata:
Wanaume mnaongelea viatu, hamjui ya bibi harusi. Mimi nilipambwa kuanzia saa 8 mchana, uso wa laki na nusu. Nimeswali Adhuhuri, nikabaki na udhu wangu nikaulinda kama yai. Sinywi maji, msosi sitaki, nikichekeshwa nakaza tumbo. Nikapata nao Alasiri, nikapata nao Magharibi, mpambe ananishikia shela nikisujudu. Nikajua Isha nayo imo. Ikaja maharage ya bibi. Siendelei.

Pili_wa_Pili:
Hapo kwenye maharage 😂😂 Ulinawa?

UkhtyTabata:
Nilinawa. Poda ilishuka na maji, nikaingia ukumbini na uso wangu wa nyumbani. Wasichana, kucha mpake hina. Rangi ya kucha maji hayapiti, mtakuja kukwangua na kisu cha keki.

Rubani_wa_Bajaji:
Ukumbi mmoja Sinza tulipewa stoo ya viti tuswalie. Kila mtu na simu yake, kila simu na kibla chake. Hapa Dar Makka iko kaskazini, karibu nyoofu kabisa. Jua likizama liweke bega la kushoto, umemaliza.

MwanaKisauni:
Sisi Mombasa kadi huandikwa "baada ya swala ya Isha". Saa ya nini?

MwenyekitiKamati:
Huku ukiandika hivyo watu wanakuja saa 5 usiku, na saa 6 mwenye ukumbi anazima taa.

Mbongo_London:
Mna bahati. Huku Desemba Magharibi ni saa 10 kasoro jioni. Bethidei ya mwanangu ilikuwa saa 6 hadi saa 10 mchana, zikaingia Adhuhuri, Alasiri na Magharibi humohumo. Mtoto alizima mishumaa mara mbili. Sasa nafanya Juni, Magharibi ni saa 3 usiku na ushee.

MpishiMbagala:
Wekeni ndoo, kopo, mikeka na kandambili pea tano mlangoni. Elfu ishirini na kitu, mmemaliza.

Chuma_cha_Pua:
Shemeji, hujajibu. Viatu?

Shemeji_Mkubwa:
Vyeusi, vya kamba, vipya. Havikupatikana. Zile kandambili mzee aliondoka nazo mpaka Tanga, tukienda kusalimia tunazikuta barazani.

Ustadhi_Mtaani:
Zirudishwe. Hizo ni mali ya msikiti.

NyukiMkali:
Nauli unatoa wewe?