Naomba ushauri: kabuki ipigwe picha ya mbali au ya karibu?

Wakuu, habari za jioni. Naandika kazi ya mwisho ya chuo kuhusu Wajapani walivyohifadhi kabuki, maigizo yao ya jadi ya jukwaani, kwenye filamu, na nimekwama.

Nimeanza na filamu ya Momijigari ya 1899. Shibata Tsunekichi aliipiga nje, nyuma ya jumba la Kabuki-za, Tokyo. Mwigizaji wake, Danjūrō wa Tisa, hakuipenda kamera kabisa, alikubali shingo upande. Siku hiyo upepo ukavuma, upepeo wa mkono aliokuwa akicheza nao ukamponyoka, na hawakurudia! Kipande hicho nimekitazama mara kumi. Tangu 2009 filamu hiyo ni mali muhimu ya urithi wa taifa.

Sasa tatizo. Picha ya mbali inaonyesha jukwaa zima pamoja na hanamichi, ile njia inayopita katikati ya watazamaji. Ya karibu inanasa macho mwigizaji anapoganda kwenye mkao wa mie, ila wenzake wote wanapotea. Msimamizi anataka nichague upande mmoja. Mliosoma sanaa za maonyesho, au mlioko Japani mkaona kabuki za kampuni ya Shochiku kwenye kumbi za sinema, mnaonaje?