"He is late": amechelewa au amefariki?

Mpokeaji Wageni

Ndugu zangu, naomba msaada katika neno dogo la Kiingereza ambalo nilidhani nimelimaliza tangu shule ya msingi. Ninafanya kazi ya mapokezi katika nyumba ya wageni mjini Arusha. Mwezi uliopita alikuja mama mmoja Mwingereza ambaye aliwahi kufikia kwetu miaka sita iliyopita, naye akamuulizia mzee aliyekuwa mlinzi wetu wa getini, kwa kuwa walizoeana sana wakati ule. Mzee huyo alikwisha kufariki, nami, nikijitahidi kulitamka jambo hilo kwa adabu, nikamjibu: "I am sorry, he is late." Yule mama akatabasamu, akasema hana haraka, akaketi kwenye benchi. Kwa muda wa robo saa nilidhani ameketi kwa huzuni, hadi aliponiuliza mzee huwa anaingia kazini saa ngapi.

Kamusi niliyo nayo inasema wazi kwamba "late" ni marehemu. Nilikosea wapi? Tena, mtu akitaka kusema "nimechelewa", kwa nini hasemi "I have late", ilhali tumefundishwa kwamba "-me-" ni "have"?

Mwalimu wa Jioni

Ndugu Mpokeaji, pole kwa yaliyokukuta, na pole zaidi kwa msiba wa mzee. Kamusi yako haikukudanganya, ila ilikupa nusu ya habari. Kivumishi "late" huwa na maana ya marehemu pale tu kinapotangulia nomino, na kwa kawaida mbele yake huwapo neno kama "the", "my" au "her": "the late chairman", "my late father", "her late husband". Kikihamia nyuma ya kitenzi "to be", Mwingereza au Mmarekani huelewa jambo moja tu, kwamba mtu huyo hajafika kwa wakati. "My late grandmother" ni bibi aliyefariki, lakini "my grandmother is late" ni bibi ambaye chai yake inapoa mezani.

Kinachotuponza hapa ni Kiswahili chenyewe. Neno "marehemu", lililotoka katika Kiarabu likiwa na maana ya aliyerehemiwa, halina shida ya mahali pa kukaa: twasema "marehemu babu", twasema "babu ni marehemu", na twasema "marehemu ameacha watoto wanne" bila kutaja jina lolote. Tukiihamisha sentensi ya pili neno kwa neno tunapata "grandfather is late", na tukiihamisha ya tatu tunapata "the late has left four children", ambayo nimeikuta katika matangazo mengi ya misiba yaliyoandikwa kwa Kiingereza. Hapo "late" imeachwa bila nomino ya kuegemea, na neno linalotakiwa ni "the deceased". Kuhusu mzee wenu, ungesema "he passed away" au, kwa maneno makavu zaidi, "he died", na mama yule angekuelewa papo hapo.

Swali lako la pili lina mzizi huohuo. Kiingereza cha kila siku hakina kitenzi kimoja kinachobeba "kuchelewa" kama kilivyo chetu. Kinatumia kivumishi pamoja na "to be", kana kwamba kuchelewa ni hali ya mtu kama alivyo mrefu au mgonjwa. Kwa hiyo "nimechelewa" ni "I am late", "nilichelewa" ni "I was late", na "nitachelewa" ni "I will be late". "-me-" yetu mara nyingi huonyesha hali iliyopo sasa kutokana na jambo lililokwisha kutokea, ndiyo maana haiingii kila mara katika "have": "amelala" ni "she is asleep", na "nimechoka" ni "I am tired". Sentensi "I have been late" ipo, lakini anayeisikia atasubiri uendelee, kwa mfano "three times this week". Unapoingia mkutanoni ukiwa umechelewa, sema "Sorry I'm late", hata kama tayari umekwisha kuketi.

Mhariri Mstaafu

Mwalimu amesema kweli kuhusu Kiingereza cha London, lakini sikubali kwamba "he is late" ni kosa kila mahali. Kenya, Uganda, Botswana na Afrika Kusini watu husema hivyo kuhusu wafu wao, na msikilizaji huelewa, kwa kuwa sauti na uso vinatosha. Ndugu yetu angemjibu hivyo mgeni kutoka Nairobi, angepewa pole na mazungumzo yangeendelea. Kwa mgeni kutoka mbali, na katika karatasi ya mtihani, afuate kanuni ya Mwalimu.

Niongeze mambo niliyoyapigania kwa miaka mingi mezani pangu. Kwanza, "the late" ni kwa aliyefariki katika zama ambazo bado tunazikumbuka. Hakuna anayeandika "the late Shakespeare". Mpaka wake hauhesabiwi kwa miaka: Mwalimu Nyerere alifariki tarehe 14 Oktoba 1999, na hadi leo "the late Mwalimu Nyerere" haishangazi masikioni mwa Watanzania, kwa sababu waliomsikia kwa masikio yao bado wapo.

Pili, na hapa ndipo vijana wengi waliponikasirikia, mwandishi makini wa Kiingereza hatumii "the late" kwa tendo ambalo mtu alilifanya akiwa hai. Ukiandika "In 1961 the late Nyerere became Prime Minister", msomaji mkali atakuuliza maiti inashikaje madaraka. Alikuwa hai, tena mwenye umri wa miaka 39. Kijana mmoja alinijibu kwamba kulitaja jina tupu la mzee aliyekufa ni utovu wa adabu, na kwa Kiswahili ana haki, kwa maana sisi huweka "marehemu" au "hayati" hata tunaposimulia utoto wa mtu. (Na "hayati" lenyewe lina asili ya neno la Kiarabu lenye maana ya uhai, kichekesho ambacho sijakichoka.) Kwa Kiingereza, heshima hiyo itafutiwe mahali pengine katika sentensi.

Tatu, aliyestaafu na bado anakula ugali wake ni "former", asiitwe "late" hata kidogo. Hili nalitaja kwa sababu nimewahi kuombwa radhi ichapwe.

Bibi Sarufi

Wakubwa wameshamaliza shauri la marehemu, nami nitagusa ndugu wa neno hili wanaowasumbua wanafunzi wangu. "Late" ni kivumishi na pia ni kielezi, kwa hiyo "alifika kwa kuchelewa" ni "he arrived late". Kuongeza "-ly" kunabadilisha maana kabisa: "lately" ni hivi karibuni, tena ya wakati uliopita pekee. Sisi husema "nilimwona hivi karibuni" na pia "nitasafiri hivi karibuni". Ya pili ni "soon", na "I will travel lately" haisemeki.

"Her latest letter" ni barua yake mpya kuliko zote, na nyingine zaweza kuja kesho, lakini "her last letter" yaweza kufahamika kwamba hataandika tena, basi tahadhari unapomwandikia mgonjwa. Pia, kipindi kikiwa "late" hakijachelewa, bali kinakaribia kwisha: "late morning" ni asubuhi ya kama saa tano, na Azimio la Arusha la mwaka 1967 ni jambo la "the late 1960s".

Mpokeaji Wageni

Nawashukuru nyote, shikamooni wakubwa. Yule mama nilimweleza siku ileile kwa njia ya mzunguko, akalia, kisha akatuletea picha aliyopiga na mzee. Tumeitundika mapokezi. Chini yake nimeandika: "Our late watchman, 1998–2021". Miaka hiyo ni ya kazi yake kwetu. Je, ni sahihi?

Mwalimu wa Jioni

"Our late watchman" ni sahihi kabisa, na hakuna atakayedhani mzee yuko njiani anakuja. Kasoro iko kwenye miaka: ikikaa peke yake baada ya neno hilo, msomaji ataihesabu kuwa ya kuzaliwa na kufa, na mzee wenu atakuwa amefariki akiwa na miaka 23. Andika "Our late watchman, who kept this gate from 1998 to 2021", na jina lake liwe juu.