Kuondoa shauri kwa ruhusa ya kulifungua upya: haki ya mwombaji au usumbufu?

Chonde: Wakuu, tulijadili hili. Shauri la kikatiba liko Mahakama Kuu, serikali inaweka pingamizi la awali (hoja ya kutaka shauri litupwe kabla ya kusikilizwa) kuwa kiapo, yaani maelezo ya maandishi ya kuapa, kina kasoro, wakili wa waombaji anasimama kuomba aliondoe kwa ruhusa ya kulifungua upya. Mimi naunga mkono. Tangu marekebisho ya 2020 ya sheria ya Tanzania ya utekelezaji wa haki za msingi, mwombaji lazima aoneshe kwa kiapo jinsi yeye binafsi alivyoathirika, mitego imeongezeka. Bora ukarekebishe kuliko kung'ang'ania upigwe chini. Mnasemaje?

Mwanamtoni: Siungi mkono. Watu wamechangishana, wamewahi mahakamani asubuhi, baada ya dakika chache wanaambiwa rudini nyumbani. Kiapo si kinasomwa kabla ya kusainiwa? Mawakili wa siku hizi wanakopi na kupesti, ndiyo maana.

Kidagaa: Kukopi na kupesti? Umewahi kuandika kiapo hata kimoja? Pale mwisho kuna uthibitisho: aya zipi muapaji anazijua mwenyewe, zipi ameelezwa na wakili wake. Ukiruka aya moja tu, Wakili wa Serikali kakudaka. Usidharau kazi za watu.

Mwanamtoni: Kama kuruka aya moja kunaua shauri, basi usiiruke. Mteja anakulipa kwa ajili hiyo.

Kidagaa: Mashauri haya mengi tunayafanya bure, dada yangu. Uliza kwanza.

Babu Tarishi: Mngejadili muda. Kwenye madai ya kawaida, Amri ya 23 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai inasema ukirudi na shauri jipya, ukomo (muda wa mwisho wa kufungua madai) unahesabiwa kana kwamba lile la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Madai ya mkataba ni miaka 6. Ukiondoa wakati mwaka wa 6 unakatika, ruhusa ya jaji haikuongezei hata siku.

Mwanamtoni: Bure? Sasa michango ni ya nini?

Kidagaa: Nauli, uchapaji, nakala za majaji na za wajibu maombi wote. Haiingii mfukoni kwa mtu.

Saa Sita: Yaani mnagombania nauli! Mbona DPP, Mkurugenzi wa Mashtaka, akiondoa kesi ya jinai hamsemi? Tumeona watu wanaachiwa, wakifika nje wanakamatwa upya kwa kosa lile lile.

Chonde: Mkuu, hiyo ni jinai. Mada ni shauri la kikatiba.

Saa Sita: Ndipo panaponiuma. Wewe unamwomba jaji ruhusa, upande wa pili unasikilizwa, unaweza hata kutwishwa gharama. DPP anaiarifu tu mahakama kwamba hana nia ya kuendelea, na hakimu hawezi kumzuia. Mtu kasota mahabusu kwa kosa lisilo na dhamana, unamwachia na kumrudisha siku hiyo hiyo. Gharama zake anamdai nani?

Mwanamtoni: Hapo nipo na wewe, Saa Sita. Hao mawakili wa bure waanzie huko magerezani.

Kidagaa: Tupo huko! Njoo gereza la Keko siku ya kuona mahabusu, ututafute, halafu urudi hapa useme tunakopi na kupesti.