Mahakama Kuu izuie upelelezi wakati gani?

Mwanamvita
Ndugu zangu, naomba tulijadili suala hili kwa kina. Siku hizi hapa Kenya, mtu mwenye uwezo akipata fununu kwamba wapelelezi wa DCI, yaani Idara ya Upelelezi wa Jinai, wanamchunguza, hukimbilia Mahakama Kuu na ombi la kikatiba lililoambatanishwa na cheti cha dharura ili lisikilizwe haraka, akapata agizo la muda la kuzuia asihojiwe, asikamatwe wala asishtakiwe. Katiba ya 2010, katika Kifungu cha 245, inakataza mtu yeyote kumwelekeza Inspekta Jenerali wa Polisi kuhusu upelelezi wa kosa mahususi, na Kifungu cha 157 kinasema Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma hahitaji idhini ya mtu ili kufungua kesi. Maoni yangu ni kwamba upelelezi usizuiwe kamwe. Kama kuna uonevu, yazuiwe mashtaka, tena baada ya ushahidi kuonekana. Tusisahau kwamba mwaka 2006 Mahakama Kuu ilifuta yale ambayo Tume ya Bosire ilisema kumhusu George Saitoti, aliyewahi kuwa Waziri wa Fedha, katika sakata ya Goldenberg, ile ya fedha za umma zilizolipwa kwa mauzo hewa ya dhahabu nje ya nchi, na ikazuia asishtakiwe, hivyo wananchi hawakupata kusikia kesi hiyo ikijibiwa kizimbani. Wanaonufaika na maagizo haya ni mawakili, kwa maana kila kuahirishwa kuna ada yake.

Wakili wa Kisauni
Sentensi yako ya mwisho siwezi kuiacha ipite. Wanaobisha mlango wangu kwa jambo hili, wengi wao si vigogo. Ni wafanyabiashara wadogo wanaodaiwa, ambao wadai wao wameona kesi ya madai ni ndefu, wakaenda kituoni kuandikisha kosa la kupata mali kwa udanganyifu. Mteja hupigiwa simu Ijumaa alasiri aje kuandikisha taarifa, na anayepiga anajua vizuri kwamba hakimu hatakaa mpaka Jumatatu. Kufikia Jumamosi jioni jamaa zake wanachanga fedha za kulipa deni ambalo hakuna mahakama iliyolithibitisha. Najua kifungu cha 193A cha Sheria ya Taratibu za Jinai kinasema kuwepo kwa kesi ya madai hakuzuii kesi ya jinai, lakini hakikumpa mtu ruhusa ya kukusanya deni kwa pingu. Kanuni hii, kwamba mahakama inaweza kuzuia kesi ya jinai inayotumiwa kuonea, haikuzaliwa na Katiba mpya: katika miaka ya 1980, Jaji Madan na wenzake walizuia kesi ya mfanyabiashara Stanley Githunguri kwa sababu makosa yaliyodaiwa yalikuwa ya miaka mingi nyuma, na serikali yenyewe ilikwisha kumhakikishia kwamba hatashtakiwa.

Mpelelezi Mstaafu
Wakili, simu za Ijumaa si desturi ya kila afisa, na inauma kuona kazi ya maisha ya watu ikielezwa namna hiyo. Acha nikueleze yanayotendeka upande wa pili. Agizo linaletwa asubuhi, afisa anatia sahihi kwamba amelipokea, na jalada linawekwa kabatini likiwa na taarifa mbili tu za mashahidi. Picha za kamera ya dukani hujifuta zenyewe pale kifaa kinapojaa, shahidi anahamia mji mwingine, na karani aliyegonga muhuri wa risiti anastaafu na kurudi kwao. Agizo likiondolewa baada ya miaka miwili, wakili huyo huyo anasimama kulalamika kwamba upelelezi umechelewa na ushahidi ni dhaifu. Tena wakubwa hulindana: Naibu Jaji Mkuu Philomena Mwilu aliponyoka kwa sababu majaji walimkinga mwenzao.

Binti Shela
Shikamoo mzee wangu, lakini hapo sikubaliani nawe hata kidogo. Mheshimiwa Mwilu alikamatwa Agosti 2018 kwa tuhuma za matumizi mabaya ya ofisi, na tarehe 31 Mei 2019 jopo la majaji watano likazuia mashtaka hayo. Sababu kuu iliyotolewa ni kwamba wapelelezi walitumia agizo la mahakama lililohusu akaunti nyingine katika Imperial Bank ili kuchukua taarifa za akaunti yake. Hilo ni kosa la afisa aliyebeba karatasi hiyo hadi benki, na lingekuwa kosa vilevile kama mwenye akaunti angekuwa muuza samaki.

Mwanamvita
Basi unanisaidia, Binti Shela. Kifungu cha 50 tayari kinaagiza ushahidi uliopatikana kwa kukiuka haki ukataliwe iwapo utaharibu usawa wa kesi. Hakimu anayesikiliza kesi angeweza kuutupa. Kwa nini kesi nzima isimamishwe?

Binti Shela
Kwa sababu anayeshtakiwa bila haki hupoteza kazi, mikopo na jina lake siku anayopandishwa kizimbani, hata akiachiliwa baadaye. Kifungu cha 165 kinairuhusu Mahakama Kuu kuangalia haki *inayotishiwa*, si ile iliyokwisha kuvunjwa peke yake. Ninachokikataa ni hofu tupu kuchukuliwa kama tishio. Anayeomba agizo aonyeshe tendo mahususi la afisa mahususi. Kuhojiwa peke yake si uonevu.

Mlalamishi wa Malindi
Mimi si mwanasheria. Shamba la marehemu baba yetu lilihamishwa kwa sahihi iliyowekwa akiwa amekwisha kuzikwa, na cheti cha kifo tunacho. Tulipiga ripoti, afisa akaanza kuomba nakala kutoka ofisi ya ardhi, kisha mshukiwa akapata agizo la muda. Tangu hapo kila kesi inapotajwa agizo huongezwa, na aliyelipata ameshaanza kukata viwanja na kuviuza. Mnapopima haki ya anayechunguzwa, naomba mtuambie yetu mnaipima wapi.

Wakili wa Kisauni
Pole sana, ndugu yangu. Agizo la namna hiyo linapaswa kuwa na ukomo, na ombi lenyewe lisikilizwe haraka. Lakini nikuulize: ninyi mliunganishwa katika ombi hilo, mkapata kujibu kwa hati ya kiapo?

Mlalamishi wa Malindi
Hatukupewa hata nakala. Walioshtakiwa humo ni polisi na Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, na habari za agizo tuliambiwa na yule afisa tulipokwenda kuulizia jalada letu.